Hawezi, Hataki, au Hapewi?

Jumatatu, 3 Machi

Kwako Wifi,

Hujambo? Na watoto wako wa chekechea hawajambo? Mimi mwili mzima, moyo ndio haujatulia.

Naandika kwa sababu simu imetushinda. Jana tulisema maneno matatu, la nne likawa kelele, na hadi sasa sijui nani alimkatia mwenzake. Kwenye karatasi hakuna wa kumkatisha mwingine. Nitasema langu lote, utasoma lote, kisha utanijibu lako lote.

Juzi nilikuja kumwona Baba baada ya kukosa ruhusa kazini tangu mwaka jana. Nilimkuta barazani kwenye kiti cha plastiki. Nilipoinama kumsalimia, harufu ya mkojo ilinipokea kabla yeye hajanipokea. Kucha zimepinda. Ndevu zimeota kama nyasi za uwanja usio na timu. Na ukosi wa shati mweusi, Wifi! Ukosi wa Baba! Yule ni dobi. Amefua na kupiga pasi nguo za mji ule tangu mimi sijazaliwa. Hakimu alikuwa haketi kitini mwake bila shati lililopita mikononi mwa Baba. Sisi watoto tulikuwa hatutumwi hata dukani kabla hajatukagua shingoni.

Nilimvua kiatu. Alinizuia, lakini nilikwisha kuona: ana kidonda kisiginoni, kinatoa maji. Nikamuuliza, "Baba, hiki kimeanza lini?" Akasema, "Kiatu kipya hicho." Kiatu chenyewe nilimnunulia mimi, na upya wake uliisha zamani.

Wewe ni mwalimu wa chekechea. Kutwa unafuta makamasi ya watoto wa watu, unawaosha mikono, unawafunga kamba za viatu, na wazazi wanakusifu. Sasa niambie, huyu mmoja aliye chini ya paa lako amekukosea nini?

Mimi kazi yangu ni kukaa juu ya kreni na kupitisha vyuma na zege juu ya vichwa vya watu. Sijawahi kuangusha kitu. Najua mzigo ulioanza kuning'inia vibaya nikiuona. Nakupa hadi mwisho wa mwezi. Nisipopata maelezo yanayoingia akilini, nitakuja na afisa wa ustawi wa jamii, na Baba tutamwondoa hapo.

Wifi yako.


Ijumaa, 7 Machi

Wifi yangu wa angani,

Shikamoo. Barua yako imefika na basi la asubuhi. Ilikuwa ya moto, nikaiweka mezani ipoe, ndipo nikaisoma mara ya pili.

Unasema hujawahi kuangusha kitu. Nakupongeza. Ila wewe unabeba chuma, na chuma hakijawahi kukuambia, "Niache."

Baba anapata chai na mkate asubuhi. Supu ya mchana naiacha kwenye chupa ya joto kabla sijaenda shule. Jioni anakula tunachokula sisi, tena anaanza yeye. Maji ya kuoga nayachemsha, nayaweka mlangoni kwake. Nguo safi nazikunja, naziweka juu ya kigoda hapo hapo. Ninayoyafanya ni hayo. Yanayotokea mlango ukishafungwa, usiniulize. Niulize jingine lolote, hata uzito wangu nitakutajia, lakini hilo usiniulize.

Afisa wa ustawi wa jamii karibu sana. Mwambie avae viatu vya kazi, ua wetu una matope. Atakuta nyumba imefagiliwa, jiko linawaka, na mzee amekaa kimya. Ataandika atakachoandika. Lakini ukishamchukua Baba, utamweka wapi? Kile chumba chako cha kambi ya wajenzi, ghorofa ya nne bila lifti, na choo kiko uani kwa watu wote? Nauliza tu, kama mwalimu anavyouliza anapojua jibu.

Chakula ulichokisusa siku ile ulipokuja alikuja kukila jirani. Alirudia.

Samahani kwa mwandiko, umeinama upande mmoja kama mimi. Kuna jino linanisumbua. Nimekaa nalo muda, litatulia.

Wifi yako,
Mwalimu


Jumapili, 9 Machi

Binti yangu,

Mwalimu hajui kwamba naandika. Yuko sokoni. Barua hii nitampa kondakta wa basi mimi mwenyewe, maana barabarani bado nafika.

Nimesikia umemgombeza mkamwana wangu. Kuta za nyumba hii ni nyembamba. Mwanamke akilia huku amebana kinywa, bado anasikika. Usirudie. Sijawahi kukupiga ulipokuwa mdogo, usinifanye nianze na wewe una mvi.

Mimi ni mzima. Mwandiko huu unaotetemeka usikutishe, ni kalamu. Mashati ya siku hizi nayo ni uongo mtupu: pamba wamechanganya na plastiki, linashika uchafu hata ukiwa umekaa kitako. Zamani shati la pamba ulikuwa ukilitia wanga na kulipiga pasi, linakaa wima bila mtu ndani.

Na tuseme kweli kwamba siogi kila siku. Sheria gani nimevunja? Nimeoga maisha yangu yote, nina akiba.

Neno moja tu nikwambie, kisha tuliache. Dobi anajua mambo. Nilijua nani mgonjwa kabla ya daktari wake. Nilijua nani kalala nje, nani ana mimba, nani amezeeka ghafla. Shuka linasema. Sikumwambia mtu hata siku moja, lakini wenyewe walijua kwamba najua. Kuna mzee mmoja, mtu mkubwa, aliniletea shuka zake kwa siri mwaka mzima, na tukikutana mtaani anageuza uso. Sikumlaumu. Kwa hiyo mimi nguo zangu hazimfikii mtu. Basi.

Huyo afisa usimlete. Sitaki kuandikwa.

Baba yako,
Dobi mstaafu (si marehemu)


Alhamisi, 13 Machi

Kwako Wifi,

Barua yako nimeisoma kwa hasira, na ya Baba nimeisoma kwa kicheko, kisha kicheko kikaniishia katikati. Ndiyo, ameniandikia. Usimwambie kwamba nimekwambia. Naona nyumba hiyo kila mtu ana la kuficha, na mimi nimeanza kuzoea.

Jana ilikuwa zamu yangu ya kupimwa macho kwenye zahanati ya mradi. Muuguzi wetu ni mama mmoja wa makamo, hachekicheki ovyo, na mafundi wote wanamwogopa kuliko msimamizi. Akaniona nasoma ubao vibaya, akaniuliza, "Wewe leo macho yako yako wapi?" Nikajikuta nimemwagia yote: harufu, kidonda, ukosi, wewe.

Akanisikiliza hadi mwisho, akasema, "Baba yako hawezi, hataki, au hapewi?"

Nikajibu pale pale, "Hapewi!"

"Umeona, au umekisia?"

Nikakiri kwamba nimekisia.

Akasema, "Hayo matatu yana harufu moja, ndiyo maana watu wanayachanganya. Asiyeweza anasaidiwa. Asiyetaka anaulizwa kwa nini, tena kwa upole. Asiyepewa ndiye anatolewa hapo haraka. Na wapo wenye yote matatu kwa pamoja." Halafu akaniuliza: "Na huyo wifi yako anayemtunza, yeye nani anamtunza?"

Nilirudi chumbani nikasoma barua yako upya, polepole. Kuna chupa ya joto humo. Kuna kigoda, kuna matope ya uani, kuna hadi jirani aliyekula chakula changu akarudia. Mdogo wangu hayumo. Nimemtafuta mstari kwa mstari. Mwanamume mzima, fundi umeme, mume wako, mtoto wa huyo mzee, anaishi humo ndani, na barua nzima hajatajwa hata kwa bahati mbaya.

Yuko wapi Fundi, Wifi? Na jino lako linauma tangu lini?

Safari hii siulizi kwa ukali. Nauliza kwa sababu sijui.

Wifi yako.


Jumanne, 18 Machi

Wifi yangu,

Umeniweza. Nilikuwa nimejiandaa kwa vita, wewe ukaniuliza jino. Nimelia jikoni hadi sufuria ikaungua.

Basi nisikilize. Haya nilimwahidi Baba sitayasema kwa mtu. Leo navunja ahadi, kwa sababu kidonda kinazidi kupanuka na ahadi haitibu kidonda.

Ilikuwa msimu wa mvua uliopita, asubuhi, siku ambayo hatuna shule. Baba alichelewa kutoka. Nikabisha, nikaingia. Nikamkuta amesimama katikati ya chumba amekumbatia shuka lililolowa, anatafuta pa kulificha. Nami nikafanya kosa la kazi yangu. Nikatoa ile sauti ya darasani: "Haya, lete tubadilishe, wala si kitu, hutokea!" Nikashika upande mmoja wa shuka. Hakuachia. Nikavuta kidogo. Naye akavuta. Wifi, tulisimama pale tunavutana shuka, mimi na mkwe wangu, hadi nikaona machozi yanamtoka na sauti haitoki.

"Mwanangu," akasema, "wewe ni mke wa mwanangu. Usinivue na hiki kidogo kilichobaki."

Nikaachia.

Ndipo akanilisha kiapo nisimwambie mtu, hasa wewe. Alisema, "Binti yangu bado ananiona mwanamume." Tangu siku hiyo anafunga mlango kwa ufunguo. Shuka anafua mwenyewe ndani ya ndoo, kwa mikono ile inayotetemeka, na anazianika juu ya kitanda. Chumba hakikauki. Kisha akaacha chai ya jioni. Kisha akaanza kukwepa hata maji. Anadhani asipokunywa hatalowa. Sasa akisimama anapata kizunguzungu, na kuinamia ndoo ya kuogea hawezi. Anaogopa aanguke akiwa hana nguo, na mimi ndiye nimkute. Hapo una "hataki" na una "hawezi", zimelala kitanda kimoja.

Na "hapewi" nayo ipo. Nisiifiche. Mdogo wako si mtu mbaya. Anapanda nguzo ambazo wenzake wanazikimbia. Lakini mlango wa baba yake unamshinda. Nikimwambia, "Ingia umwone baba yako," anasema, "Mzee hataki, nimfanyeje?" Nikimwambia tena, anasema, "Kesho." Akirudi kazini anapita dirishani, "Shikamoo Mzee!" Anajibiwa "Marahaba," anaridhika, anakwenda kula. Ameweka taa nzuri sana nje ya chumba kile. Ndani haingii. Sikumtaja kwenye barua kwa sababu nilimwonea aibu. Nimegeuka pazia la wanaume wawili: huyu asionekane alivyo dhaifu, na yule asionekane alivyo mwoga.

Jino linauma tangu kabla ya mvua hizo. Kila nikitaka kwenda najiuliza nitamwachia nani Baba. Nimejifunza kutafuna upande mmoja. Huo mwingine nimeusahau kama si wangu.

Sasa umejua. Ukitaka kumleta afisa, mlete. Pengine atuandike sote wanne.

Mwalimu


Ijumaa, 21 Machi

Mdogo wangu Fundi,

Soma barua hii ukiwa umekaa chini, si juu ya ngazi.

Nilikuwa nimeazimia kuja kumchukua Baba. Nimefikiri vizuri, nikaona nitahamisha tatizo tu. Mimi ni binti yake. Mlango anaomfungia mke wako atanifungia na mimi, na atasogeza na kabati nyuma yake. Kati yetu sote, mwanamume ni wewe peke yako.

Usiniambie hataki. Hilo nimelisikia. Umewahi kumuuliza kwa nini hataki? Umewahi kumuuliza basi anamtaka nani? Kumwacha mtu kwa sababu kasema "niacheni" ni kazi nyepesi mno, ndiyo maana umeifanya vizuri hivyo. Na mke wako ameoza jino kinywani akikusitiri wewe na baba yako, na wewe unakula mbele yake kila siku hujaona kwamba anatafuna upande mmoja.

Nataka mambo mawili, na yote ni ya sasa. Mpeleke Mwalimu kwa daktari wa meno. Si umpe nauli: umpeleke, umsubiri, umrudishe, na akiwa amelala kazi za nyumba uzifanye wewe. Halafu uingie kwa Baba. Sijui utaingiaje. Mimi hapa juu najua jambo moja tu: mzigo haunyakuliwi. Unakaza kamba taratibu, unasubiri, unaona kama umekubali, ndipo unainua.

Nimekukasirikia. Lakini nisingekupenda nisingepoteza wino.

Dada yako


Jumapili, 6 Aprili

Dada,

Shikamoo. Barua yako niliianza juu ya ngazi. Nilipofika kwenye jino nikashuka.

Mwalimu kwanza. Wameng'oa meno mawili, si moja. Daktari hakumuuliza yeye, aliniuliza mimi: "Mlikuwa mnasubiri nini?" Nikatazama sakafu. Amelala na shavu kama amefichia embe, na kwa mara ya kwanza tangu nimuoe nimemwona anapumzika mchana.

Sasa Baba. Siku ya kwanza nilibisha, nikasema kama ninavyowaambia wateja, moja kwa moja: "Baba, nimekuja kukuogesha."

Akajibu kutoka ndani, "Kaoshe gari. Mimi bado sijawa maiti."

Nikaondoka. Na nikwambie ukweli, Dada, niliondoka na nafuu moyoni kwamba nimefukuzwa.

Baada ya hapo nikafanya ninachokijua. Nikafunga bomba la kushikilia ukutani bafuni, nikaweka kiti kisichoteleza, nikafunga hita ya maji. Akaja kukagua, akasifu skrubu, akarudi chumbani akafunga mlango.

Jana, Jumamosi, ndipo mambo yakageuka, na wala sikupanga. Mwalimu amelala, ovaroli yangu ya kazi imeganda grisi, Jumatatu naihitaji. Nikatoa beseni uani, nikaanza kufua. Nadhani tangu nizaliwe ilikuwa mara ya tatu. Dirisha likafunguka.

"Unaiua hiyo nguo!"

"Basi njoo uifufue," nikasema, bila hata kufikiri.

Nikasikia ufunguo. Akatoka anachechemea, akavuta kigoda, akaninyang'anya sabuni. "Ukosi kwanza! Ukosi na makwapa, mengine yanafuata. Wewe nilikulea nikiwa wapi?" Akazamisha mikono. Dada, ile mikono inayotetemeka ilipoingia kwenye povu ikashika kazi kama ina macho. Alisugua, akakamua, akanirushia maji, akanitukana kidogo, akalowa hadi kifuani. Mara mikono yake ikasimama. Alikuwa anatazama mkono wa shati lake mwenyewe, jinsi ulivyo.

"Na hili?" akasema. Hakuniuliza mimi hasa.

Nikasema, "Hilo nalo linataka dobi, Baba."

Nikadhani atainuka aende zake. Akakaa. Kisha akasema taratibu, "Funga geti."

Nikafunga geti. Nikampa mkono, tukaingia bafuni.

Mimi nilijua baba yangu ana mgongo mpana. Ule mgongo sijui umekwenda wapi. Nilihesabu mbavu bila kutaka. Nikamwosha, na yeye ametazama ukuta. Halafu akasema, "Maji yako moto mno."

"Ni hita mpya, Baba."

"Irudishe dukani."

Nikacheka, naye akacheka, na hapo ndipo akanieleza mwenyewe habari ya mkojo, akiwa bado amenipa mgongo. Nikamwambia tutaenda hospitali kesho. Nikajisikia nilivyosema "kesho". Nikajirekebisha: "Leo, Baba. Ukishavaa."

Tukaenda. Ni tezi dume, Dada. Imevimba, ina vidonge vyake, na daktari anasema kuacha kunywa maji ndiko kulikomwangusha zaidi. Kisigino wamekisafisha, kuanzia sasa kila siku kitafungwa upya zahanati ya mtaa. Alichokuwa anakiita yeye uzee, na sisi tukakiita ukaidi, kilikuwa na jina kwenye vitabu vya hospitali muda wote huo.

Unaweza kudhani nilikuwa simjali. Si hivyo. Nilitaka abaki yule wa zamani, na mlango ulipokuwa umefungwa niliweza kuendelea kuamini kwamba ndiye yuko ndani.

Mdogo wako,
Fundi


Jumamosi, 26 Aprili

Wifi yangu mpenzi,

Nakuandikia nikiwa kwa mama yangu mzazi. Ndiyo, mimi! Nimefungasha nguo chache nikaondoka nyumbani mchana kweupe, na hakuna aliyekufa. Tangu nimefika ninalala, naamka, nakula pande zote mbili za mdomo, nalala tena. Mama ananiuliza kama nina mimba. Nimemwambia nina usingizi tu.

Nisikudanganye kwamba mambo yote ni marashi. Wiki mbili zilizopita Baba alifunga mlango tena. Aligombana na muuguzi wa kisigino, akakataa vidonge, akavaa shati moja hadi likaanza kumjibu. Zamani ningeingiwa na hofu, nikanyamaza. Safari hii mdogo wako alikwenda akakaa chini nje ya mlango, mgongo ukutani, akaanza kusimulia habari za nguzo iliyoanguka na waya uliomkosa. Hakusema lolote la kuoga. Alipofika mahali patamu akanyamaza. Baba akafungua mlango kuuliza ikawaje.

Tumekubaliana pia kwamba Jumatano ni siku yake. Siku hiyo haogi, hanyoi, hatusemi neno. Anasema anatumia akiba. Muuguzi wa kisigino nilimweleza, akacheka, akasema mtu mzima anayechagua si sawa na mtu aliyeachwa, mradi sisi tuijue tofauti. Nimeanza kuijua. Na ile sauti ya darasani nimeiacha darasani.

Sasa sikia kilichotokea kabla sijaondoka. Tuko mezani asubuhi, Baba akagonga kikombe na kijiko. "Kaeni vizuri," akasema, "nataka kugawa."

Mume wangu akazima redio. Nadhani alifikiri ni nyumba inagawiwa.

"Nagawa mwili," Baba akasema. "Nimechoka kugombaniwa kama nguo isiyo na mwenyewe. Sikilizeni, sirudii. Mikono na kichwa ni vya Mwalimu. Mikono ya mtu si siri, hata hakimu nilikuwa nashikana naye mkono. Akate kucha, aninyoe, achane alichokibakiza Mungu. Kisigino ni cha muuguzi, yeye amesomea. Yote yaliyobaki ni ya mwanangu, na alichokiona akae nacho."

Nikatazama mikono yake pale mezani, akanisogezea yote miwili. Wifi, nimefundisha watoto miaka yote hii, sijawahi kupewa kitu kwa heshima namna ile.

Mume wangu akauliza, "Na Dada je? Humpi kitu?"

Baba akachukua glasi ya maji, akanywa hadi mwisho huku tunamtazama. Akaiweka chini.

"Dada yenu apewe masikio," akasema. "Yuko mbali, na ana maneno mengi."

Nimeagizwa nikufikishie. Nimefikisha.

Wifi yako,
Mwalimu


Jumatano, 30 Aprili

Baba yangu,

Shikamoo. Nimepata habari ya mgawo na nimeupokea bila malalamiko, ingawa mimi ndiye mkubwa na nimepewa viungo vidogo kuliko wote.

Ruhusa imekubaliwa. Nafika Jumamosi, na nitakaa hadi kazini waanze kunisahau. Yaandae masikio hayo. Nina habari za mwaka mzima: jengo letu limefika ghorofa ya kumi na mbili, msimamizi wetu ameoa tena, na siku moja upepo ulinishika huko juu nikaogopa kweli. Hilo la mwisho sijamwambia mtu. Nitakwambia wewe.

Halafu, Baba, usidhani ni wewe tu wa kutoa. Ulisema dobi anajua mambo na hasemi. Haya, ukichoka kutosema, masikio yangu nakuja nayo yote mawili, na yako wazi.

Binti yako